Dhoruba za Jeremy Thomas: filamu nzuri iliyosahau daftari la hesabu

Mei 2019, gari linatoka Uingereza kwenda kwenye tamasha la filamu la Cannes, kusini mwa Ufaransa. Anayeliendesha ni Jeremy Thomas, prodyuza wa filamu, miaka 69. Pembeni yake kakaa Mark Cousins, muongozaji wa filamu za hali halisi, na kamera. The Storms of Jeremy Thomas, iliyoonyeshwa kwa mara ya kwanza Cannes Julai 2021, ndiyo safari hiyo: siku tano za barabara, mapumziko hapa na pale, na katikati yake vipande vya filamu ambazo mzee huyu amezihangaikia kwa zaidi ya miaka arobaini.

Nimeikodi mtandaoni mara mbili, na mara zote mbili nimelipia. Mara ya kwanza niliitazama peke yangu, usiku, hedifoni masikioni, ikanitoa machozi. Mara ya pili nilimwita Hamisi. Hamisi ni meneja wangu wa uzalishaji tangu 2009, mtu anayeweza kukutajia bei ya Kosta ya kutwa nzima kutoka Kinondoni mpaka Bagamoyo bila kupiga simu kwa mtu. Tuliiweka kompyuta juu ya meza ya chakula, chai na maandazi pembeni. Ilipofika kama dakika ya ishirini akaniuliza, "Mama Neema, huyu mzee hela alikuwa anazitoa wapi?" Nikamwambia tulia, watasema. Filamu ikaisha. Waligusa juu juu, wakapita.

Mimi natengeneza filamu na tamthilia Dar es Salaam, mwaka wa kumi na nane huu. Naiandikia filamu hii kama mtu wa kazi hiyohiyo, na naipenda, lakini swali la Hamisi ndilo swali la maisha ya prodyuza yeyote asiye na studio kubwa nyuma yake, na limeachwa wazi.

Nianze na yanayostahili sifa. Cousins ndiye anayesimulia, kwa ile sauti yake laini ya Ireland ya Kaskazini, taratibu, kama mtu anayeongea chumbani mwa mtoto aliyelala. Wapo wasioipenda sauti hiyo, Hamisi akiwa mmoja wao. Mimi inanituliza. Jicho lake kwenye filamu za watu ni kali: anachukua sekunde thelathini za filamu ya 1980, anaziweka kando ya sekunde ishirini za filamu ya 2003, na ghafla unaona ni mkono uleule, ingawa waongozaji ni tofauti kabisa. Kwa prodyuza hili ni jambo kubwa sana. Sisi hatuonekani kwenye filamu zetu. Muongozaji anaonekana, stelingi anaonekana, hata fundi wa taa ukijua kutazama unamwona. Cousins amekaa akamtafuta prodyuza ndani ya picha zenyewe, na amempata. Sijawahi kuona mtu mwingine akijaribu hivyo kwa heshima namna hii.

Filamu imegawanywa kwa sura. Magari, mapenzi ya mwili, siasa, kifo. Mwigizaji Tilda Swinton anazungumza, mwenzake Debra Winger naye anazungumza, na Winger ndiye aliyenigusa zaidi kwa sababu anamwongelea Thomas kama mtu aliyekuwepo. The Sheltering Sky, ya 1990, aliyoigiza Winger, ilipigwa Sahara, Morocco, Algeria na Niger. Prodyuza anayekuwepo jangwani siku gari limezama mchangani ni tofauti na prodyuza anayetuma barua kutoka hotelini, na waigizaji hawasahau nani alikuwa nani.

Sasa mtu mwenyewe. Amezaliwa London 1949, kwenye nyumba ya sinema. Baba yake, Ralph Thomas, ndiye aliyeongoza Doctor in the House, filamu iliyoingiza watu wengi kuliko zote Uingereza mwaka 1954. Baba yake mdogo, Gerald, ndiye wa zile filamu za vichekesho za Carry On. Hapa naongeza la kwangu: filamu za baba yake zilitayarishwa na mwanamke, Betty Box, aliyefanya na Ralph kazi karibu thelathini, wakati ambapo mwanamke mwenye cheo hicho kwenye studio za Uingereza ulikuwa humpati kirahisi. Na mume wa Betty, Peter Rogers, ndiye alikuwa prodyuza wa Carry On. Ina maana huyu kijana alikua akiona kwa macho yake kwamba filamu ina watu wawili: anayesema "anza" na anayehakikisha kesho kutakuwa na cha kuanzia. Ningekuwa mimi ndiye Cousins, ningekaa kwenye nyumba hiyo dakika kumi nzima.

Shule aliacha na miaka kumi na saba. Akaingia maabara za filamu, kisha vyumba vya uhariri, akawa msaidizi. Mwaka 1974 akafungua kampuni yake, Recorded Picture Company, na filamu ya kwanza kuitayarisha ikawa Mad Dog Morgan ya 1976, huko Australia, Dennis Hopper akiwa stelingi. Mwaka 1978 akampeleka Cannes muongozaji wa Poland, Jerzy Skolimowski, na The Shout, wakarudi na tuzo kubwa ya jopo la waamuzi. Alikuwa bado hajafika miaka thelathini.

Kutoka hapo orodha inatisha. Muongozaji Nicolas Roeg na Bad Timing, 1980, ambayo msambazaji wake mwenyewe aliichukia mpaka akatoa nembo yake kwenye nakala za Uingereza. Nagisa Oshima na Merry Christmas, Mr. Lawrence, 1983, iliyompeleka mwanamuziki David Bowie kisiwani Rarotonga, katikati ya Pasifiki. Ryuichi Sakamoto, mwanamuziki wa Japani, aliombwa aigize. Akakubali kwa sharti kwamba na muziki atatunga yeye. Prodyuza mwenye haraka angekataa, kwa sababu Sakamoto alikuwa hajawahi kutungia filamu. Leo ule muziki wanaujua hata watu ambao filamu yenyewe hawajaiona. Miaka mitano baadaye Sakamoto alikuwa mmoja wa watatu waliopata Oscar ya muziki kwa The Last Emperor.

Hiyo The Last Emperor ndiyo niliyotaka nielezwe kwa kirefu. Muongozaji wake, Bernardo Bertolucci, alitaka kusimulia maisha ya Puyi, mfalme wa mwisho wa China, na alitaka kuyasimulia ndani ya jumba la kifalme lenyewe, Beijing. Kabla ya hapo hakuna filamu ya maigizo ya watu wa Magharibi iliyowahi kuruhusiwa na serikali ya China kupigwa humo. Waliruhusiwa. Bajeti ilizidi dola milioni 23, waigizaji wa makundi kama 19,000. Na pesa haikutoka studio ya Hollywood; Thomas aliitafuta mwenyewe. Aprili 1988 filamu ilitajwa kwenye vipengele tisa vya Oscar ikachukua vyote tisa, na ile ya filamu bora ikaenda kwake peke yake, kwa sababu prodyuza alikuwa mmoja. Alikuwa na miaka 38. Cousins anatuonyesha rangi nyekundu, yule mtoto mdogo anayekimbilia pazia la manjano, nami sichoki kuvitazama. Lakini mtu wa miaka thelathini na kitu anaingiaje benki na kutoka na pesa za kulisha watu elfu kumi na tisa kwenye nchi isiyo yake?

Kwa kuwa filamu haikumjibu Hamisi, nilimjibu mimi, chai ikipoa. Njia ambayo maprodyuza huru wa Ulaya wameitumia kwa miongo ni hii. Una skripti, una muongozaji, una jina la stelingi. Hujapiga hata picha moja. Unakwenda sokoni, na soko kubwa kuliko yote liko Cannes kila Mei, ghorofa za chini, mbali na zulia jekundu. Pale unauza filamu ambayo haipo: haki za Japani kwa huyu, za Ujerumani kwa yule, za Hispania kwa mwingine. Mnunuzi anakupa kidogo, kama kishika uchumba, kilichobaki atalipa siku utakapomkabidhi filamu imekamilika. Mikataba hiyo ndiyo unaibeba benki. Benki haitazami skripti yako nzuri; inatazama saini ya Mjapani na kujiuliza kama Mjapani ni mlipaji. Ikiridhika inakukopesha, lakini kwanza inadai uwe na kampuni ya kukudhamini kwamba filamu itamalizika kwa siku na bajeti mliyosema. Mdhamini naye anatoza ada, na ukiyumba ana haki ya kuingia kwenye seti yako na kuichukua filamu mikononi mwako. Juu ya hapo unaweka ruzuku za nchi, kila nchi na masharti yake: hapa upige siku kadhaa, kule utumie fundi wao. Ndiyo maana Only Lovers Left Alive, aliyoitayarisha Thomas na kuiongoza Jim Jarmusch, inaruka kutoka Detroit hadi Tangier na kuingia studio za Ujerumani. Hadithi inataka hivyo, na hesabu nayo inataka hivyo. Jarmusch alihangaikia pesa zake kama miaka saba.

Hamisi alisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema, "Kumbe nao wanakopa."

Ndiyo, wanakopa. Na hapa nitasema la kwangu, maana ndilo lililonifanya nilie ile mara ya kwanza. Mwaka 2014 nilikuwa Bagamoyo na filamu ya dakika tisini, siku kumi na nane za kupiga picha. Shirika moja lilikuwa limeahidi nusu ya bajeti, kwa barua yenye mhuri, nami niliiamini ile barua. Siku ya sita, saa tano asubuhi, tuko ufukweni, jenereta inanguruma, ikaingia barua pepe: mwaka wa fedha umebadilika, wanasikitika. Watu thelathini na mmoja walikuwa kwenye seti. Mama anayetupikia alikuwa hajalipwa siku ya tatu, na alikuwa ananiletea sahani yangu ileile, wali, maharage, kipande cha changu, bila kusema neno. Ijumaa nilishuka Dar, nikaiuza Toyota IST yangu kwa dalali pale Kinondoni kwa bei ambayo hata yeye aliniuliza mara mbili kama nina uhakika. Nilirudi Bagamoyo kwa basi, pesa nimezifunga kwenye khanga ndani ya begi, begi nimelipakata. Nilimlipa mama kwanza. Filamu ilimalizika.

Basi ile sura ya magari, ambayo wengi wataiona kama pumziko, mimi sikuitazama hivyo. Mzee anapenda magari, anayaendesha kwa furaha ya kijana, na mimi nilikuwa nawaza: huyu anakaribia miaka sabini na gari lake bado analo. Alifanya nini ambacho mimi sikufanya?

Jibu, ninavyoona, ni haki. Filamu yangu ya Bagamoyo msambazaji mmoja wa Kariakoo aliinunua yote, moja kwa moja, kwa mkupuo. Nilihitaji pesa wiki hiyo, nikasaini. Tangu hapo imeonyeshwa kwenye mabasi ya mikoani na kwenye runinga, na huwa napigiwa simu na watu wakinipongeza, wakati hakuna shilingi inayorudi. Thomas alishika njia nyingine. Filamu zake alizitoa kupitia kampuni yake mwenyewe tangu mwanzo, na mwaka 1998 akaanzisha kampuni ya mauzo ya kimataifa, HanWay Films, ili kazi ya kuuza nchi kwa nchi, ambayo maprodyuza wengi wanaikabidhi kwa wengine, ifanyike ndani ya nyumba. Filamu ya zamani ikitafutwa tena, simu inalia kwake. Mtu mwenye filamu sabini kwenye rafu na ufunguo wa rafu mfukoni anaweza kusubiri. Riwaya ya High-Rise aliitaka tangu miaka ya sabini, filamu ikatoka 2015. Karibu miaka arobaini! Subira ya namna hiyo hailetwi na moyo peke yake, lazima kuwe na kitu kinacholipa pango la ofisi wakati unasubiri.

Cousins anaiita subira hiyo mapenzi ya sinema. Ni kweli, namkubalia. Lakini vijana wetu wanaoingia kazi hii watatazama filamu hii na kuondoka wakidhani kwamba ukiwa na ladha nzuri na ujasiri, milango inafunguka. Wanahitaji kuambiwa pia kuhusu ukurasa wa mwisho wa mkataba.

Kuhusu ujasiri, hata hivyo, filamu iko sawasawa. Crash ya David Cronenberg, 1996, ilipewa tuzo maalumu Cannes, halafu magazeti ya Uingereza yakaipiga vita, na halmashauri ya Westminster ikaizuia kwenye kumbi za eneo lake katikati ya London. Watu wakawa wanavuka mpaka wa halmashauri kwenda kuitazama kwa jirani. Naked Lunch, ya Cronenberg huyohuyo, ilikuwa ipigwe Tangier. Vita ya Ghuba ikazuka mwanzoni mwa 1991, safari ikafa, wakaijenga Tangier ndani ya studio Toronto. Ukiitazama leo, ule mji wa uongo, wenye kuta zinazobana kama ndoto ya homa, unaona umeifaa hadithi kuliko mji wa kweli. Nimewaonyesha wanafunzi wangu kipande hicho mara nyingi. Lokesheni imekufa asubuhi, mchana una watu na una mbao: utafanya nini?

Kasoro nyingine ni kwamba Cousins anampenda mno mtu wake. Hamkatizi, hambani. Thomas ni mtu wa maneno machache, mpole, mwenye haya kidogo, na mtu wa aina hiyo anahitaji kuulizwa mara ya pili. Kuna waongozaji aliogombana nao? Kuna filamu aliyoiacha katikati? Mwaka 1998 mwenyewe alikaa kiti cha muongozaji, akatengeneza All the Little Animals, Christian Bale na John Hurt wakiigiza, kisha hakurudi tena kwenye kiti hicho. Kwa nini? Kwangu hilo ni swali la kusimamisha gari pembeni ya barabara na kulizungumza mpaka liishe.

Pia mtu asiyejua filamu hizi atapotea. Vipande vinapita haraka, majina yanatajwa kama ya ndugu. Ushauri wangu: kabla ya kulipia hii, tafuta kwanza mbili. Moja iwe Merry Christmas, Mr. Lawrence, nyingine Sexy Beast ya 2000, ambayo ilikuwa filamu ndefu ya kwanza ya Jonathan Glazer, na ambamo Ben Kingsley, mtu aliyewahi kuigiza Gandhi, anaingia kwenye nyumba ya watu na kutisha mpaka unataka kuzima. Ukizipenda hizo mbili, dakika tisini na kitu za safari hii zitakuwa zawadi. Usipozipenda, usilipie.

Picha na sauti ni safi hata kwenye kompyuta ndogo. Maandishi ya chini niliyoyapata ni ya Kiingereza tu, na lafudhi ya Cousins inahitaji sikio, kwa hiyo yawashe. Watoto wasiwepo sebuleni, sura ya mapenzi haijaficha kitu.

Nyota nne kati ya tano. Ile ya tano nimeizuia kwa ajili ya swali la Hamisi.

Kitu kimoja hakimo kwa sababu kilitokea baada ya filamu kutoka. Mwaka 2022 Skolimowski, yuleyule wa 1978, alirudi Cannes na EO, filamu ya punda anayezunguka Ulaya mkononi mwa watu wema na wabaya, na Jeremy Thomas jina lake limo, prodyuza mtendaji. Wakapata tena tuzo ya jopo. Muongozaji alikuwa na miaka 84. Nilipomwonyesha Hamisi picha ya yule punda alicheka sana, akasema punda wa Lamu wangemaliza kazi kwa bei nafuu. Halafu akanyamaza, akauliza kama namba ya muongozaji wetu wa Bagamoyo bado ninayo. Ninayo. Tulimpigia usiku uleule, kwa spika, juu ya meza. Alikuwa Tanga, kwa mama yake. Alisema anayo hadithi, kurasa arobaini, bado hajamwonyesha mtu. Nikamwambia alete, ila safari hii mkataba nauandika mimi.